Aliyesimama Kivulini

Neno kivuli lina kazi nyingi katika Kiswahili, na nyingi kati ya hizo ni njema. Msafiri aliyetembea tangu asubuhi akiona mwembe hushukuru kwamba amepata kivuli. Wazee wanaotaka kusuluhisha ugomvi wa mpaka wa shamba hukaa kivulini. Ofisini tunaambiwa tulete cheti halisi pamoja na kivuli chake, yaani nakala. Methali inatukumbusha kwamba kivuli cha mvumo hufunika walio mbali. Katika Zaburi ya 91 mwamini anakaa salama kwenye uvuli wa Mwenyezi, na katika Zaburi ya 121 Bwana mwenyewe ndiye anayemkinga mtu wake na jua la mchana. Watu waliozaliwa kwenye nchi ya jua kali hawahitaji kufundishwa kwamba kivuli ni rehema.

Lakini tukiingia kanisani lugha yetu hubadilika. Pale nuru iko upande wa Mungu, na kila kisicho nuru kinasukumwa upande wa pili. Usiku, giza, weusi na kivuli vinafungwa mzigo mmoja na kutupwa nje pamoja na dhambi. Maandiko yana sababu nzito ya kutuambia kwamba Mungu ni nuru, wala hatutaki kulipunguza neno hilo. Hata hivyo Maandiko yenyewe hayakufunga mzigo wa namna hiyo. Musa alipopanda kukutana na Mungu alilikaribia giza nene, kwa kuwa Mungu alikuwa humo (Kutoka 20:21). Mariamu alipata mimba akiwa amefunikwa na kivuli cha Aliye juu (Luka 1:35). Na katika Matendo 5:15 watu wa Yerusalemu waliwatoa wagonjwa wao njiani ili Petro akipita, angalau kivuli chake kiwaangukie.

Katika kurasa hizi tunapenda kulitafakari jambo hili kwa msaada wa watu ambao kazi yao ya kila siku ni nuru na kivuli, yaani wachoraji na wapiga picha. Hatufanyi hivyo kwa kupenda sanaa tu. Mzigo ule uliofungwa vibaya umewaumiza watu tunaowafahamu kwa nyuso zao.

Sisi Walutheri tunajulikana zaidi kwa kusikia kuliko kwa kuona. Neno linahubiriwa, wimbo unaimbwa, na kuta za makanisa yetu mengi ni tupu, zimepakwa chokaa. Pamoja na hayo Martin Luther hakuwa adui wa picha. Mwaka 1522, akiwa bado amefichwa katika ngome ya Wartburg, watu wa Wittenberg walianza kuvunja sanamu na kung'oa picha makanisani. Alirudi mwezi Machi akapanda mimbarani siku nane mfululizo ili kuwatuliza. Kwa mtazamo wake, picha haimwokoi mtu wala haimpotezi, ila inaweza kumfundisha.

Rafiki yake Lucas Cranach, mchoraji wa mji ule, pamoja na mwanawe, walichora picha za altare ya kanisa la Wittenberg iliyowekwa mwaka 1547, mwaka mmoja baada ya Luther kufariki. Katika sehemu yake ya chini Luther yuko mimbarani akimwonyesha kwa kidole Kristo aliyesulubiwa, na washarika wanatazama. Nuru katika picha ile imetandazwa sawasawa kama mwanga wa darasani. Kila kitu kinaonekana kwa sababu kila kitu ni somo. Ni picha tunayoipenda, na wanafunzi wetu wa theolojia huielewa mara moja.

Picha inayowasumbua ni nyingine. Tunaifikia katika somo la historia ya kanisa, tunapofika mwisho wa karne ya 16. Tunafunga mapazia ya kitenge ili projekta ionekane, na ukutani inatokea kazi ya Mwitaliano Michelangelo Merisi, ambaye ulimwengu unamjua kwa jina la Caravaggio. Inaitwa Wito wa Mathayo. Aliichora kati ya mwaka 1599 na 1600 kwa ajili ya kanisa la San Luigi dei Francesi huko Roma, na mpaka leo iko palepale, katika ukuta wa kushoto wa kikanisa kidogo kilicho ndani ya kanisa hilo.

Karibu kila mwaka yuko mwanafunzi anayenyoosha mkono na kuuliza swali lilelile: "Baba Mchungaji, mbona Yesu amewekwa gizani?"

Swali ni la haki. Upande wa kushoto wa picha kuna meza, na watu watano wameizunguka wakihesabu fedha. Wamevaa nguo za kisasa za siku zile, wengine wana kofia zenye manyoya. Upande wa kulia wameingia watu wawili wenye mavazi ya kale na miguu mitupu, Yesu na Petro. Petro amesimama mbele akimziba Bwana wake, hata kinachoonekana cha Yesu ni uso nusu na mkono ulionyooshwa. Juu ya kichwa chake kuna uzi mwembamba wa dhahabu ambao mtu asiyeambiwa anaweza asiuone. Nuru inatoka juu kulia, nyuma yake, inapita ukutani juu ya mkono wake na kuangukia nyuso za watoza ushuru. Kuna dirisha kubwa ukutani, ila haliingizi nuru yoyote.

Kwa hiyo wenye nuru usoni ni wenye dhambi, na asiye na dhambi amesimama kivulini. Yeyote aliyefundishwa kwamba nuru ni alama ya utakatifu atadhani mchoraji amekosea kupanga watu wake.

Tunawaomba wanafunzi watazame mambo mawili kabla ya kuhukumu. La kwanza ni namna picha ilivyotengenezwa. Wachoraji wengi wa zamani walianza na ubao au kitambaa kilichopakwa rangi nyeupe, kisha wakaweka vivuli juu yake. Caravaggio alianza na turubai iliyopakwa rangi ya kahawia iliyokolea. Giza lilikuwapo kabla hajagusa brashi, naye akatoa humo mashavu, vidole, ukosi wa shati na sarafu. Waitaliano huita mbinu hii ya kupambanisha ung'avu na giza kiaroskuro. Mwanafunzi mmoja aliyekuwa mwalimu wa shule ya msingi kabla ya kuitwa katika utumishi alisema kwamba hiyo ndiyo Mwanzo sura ya kwanza: giza juu ya vilindi, kisha Mungu anasema. Hatukuwa na la kuongeza.

La pili ni hali za wale walioangukiwa na nuru. Nuru haikuwasafisha kwanza. Haikuwaondoa mezani, haikuwavua kofia, haikuficha fedha zilizo mbele yao. Imewakuta walivyo. Mzee mwenye ndevu ameelekeza kidole, na mpaka leo wataalamu wanabishana kama anajionyesha mwenyewe au anamwonyesha kijana aliye pembeni yake, kana kwamba anauliza ni nani hasa anayeitwa. Katika Mathayo 9:9 jambo lilikuwa hivyohivyo. Yesu alimwona mtu ameketi forodhani, akamwita akiwa palepale kazini. Toba ilifuata baadaye, nyumbani, wakiwa kwenye chakula.

Caravaggio mwenyewe hakuwa mtu wa kuigwa. Mwaka 1606 alimuua mtu katika ugomvi huko Roma, akakimbia, akafa mwaka 1610 akiwa na umri wa miaka 38 bila kurudi tena katika mji ule. Hatuijengi imani yetu juu ya tabia yake. Lakini si ajabu kwamba mtu wa namna ile aliielewa nuru inayomkuta mtu kabla hajajitengeneza.

Yuko mchoraji mwingine aliyekwenda mbali zaidi, naye alikuwa kijana wa miaka kama 23 tu. Rembrandt wa Leiden, Uholanzi, karibu mwaka 1629, alichora chakula cha jioni cha Emau kutoka Luka 24. Ni picha ndogo, kama sentimita 40 kila upande, na sasa iko katika jumba la makumbusho la Jacquemart-André mjini Paris. Wachoraji waliomtangulia walimweka Kristo katikati ya meza, uso ukitazama mbele na kung'aa. Rembrandt aliificha taa nyuma ya mwili wake, hata Bwana mfufuka akawa umbo jeusi lisilo na macho wala mdomo unaoonekana. Nuru yote imempiga mwanafunzi aliyekaa mbele yake, ambaye mdomo umemwanguka kwa mshangao. Mwingine ameshapiga magoti katika giza la miguuni pa Yesu. Mbali nyuma mtumishi wa kike anaendelea na kazi zake za jikoni, hana habari.

Luka anasema macho yao yalipofumbuliwa wakamtambua, naye akatoweka mbele yao. Je, mtu anayetambuliwa na kutoweka kwa wakati mmoja atachorwaje? Kijana yule alijibu kwa kutuonyesha uso wa aliyemwona. Tunajua kwamba Kristo amefufuka kwa kutazama kilichompata mwanafunzi.

Hapo ndipo Mlutheri anajikuta nyumbani. Mwezi Aprili 1518, mbele ya watawa wenzake mjini Heidelberg, Luther alitofautisha wanatheolojia wa aina mbili. Mwanatheolojia wa utukufu humtafuta Mungu katika nguvu, mafanikio na mng'ao, na kwa kuwa hamwoni mateka wa msalaba kuwa ni Mungu, huishia kuita jema baya na baya jema. Mwanatheolojia wa msalaba humtazama Mungu pale alipopenda kujificha, katika udhaifu na mateso, naye hukiita kila kitu jinsi kilivyo. Tumefundisha hoja hizo kwa miaka kadhaa kwa kutumia ubao na chaki. Tukiri kwamba picha ile ndogo ya Emau huzieleza kwa haraka kuliko sisi.

Sasa tutoke katika makumbusho ya Ulaya tuje kwenye ua wa kanisa, Jumapili ya kipaimara. Ibada imekwisha saa sita na nusu. Vijana 60 wanapangwa kwenye ngazi, wasichana na magauni meupe, wavulana na mashati meupe. Jua liko utosini. Mpiga picha anapaza sauti, watoto wanakunja macho, kamera inalia. Picha zikirudi magauni yanaonekana hadi uzi wa mshono, na nyuso ni madoa meusi yenye meno. Wazazi husema kwa utani kwamba watoto wetu ni weusi mno kwa picha.

Utani huo una uongo ndani yake, na inafaa kuueleza. Kamera inayojipimia yenyewe haijui inatazama nini. Imetengenezwa kudhani kwamba ukichanganya kila kilicho mbele yake utapata rangi ya kijivu ya wastani. Ikiona weupe mwingi, inadhani mwanga umezidi, inaupunguza. Gauni linapona, uso unazama. Kisha jua la utosini, ambalo kwetu sisi tulio karibu na ikweta husimama wima kabisa, linatupa kivuli cha paji la uso ndani ya macho. Hakuna kosa lolote katika ngozi ya mtoto. Mwanga umepimwa kwa kitambaa badala ya kupimwa kwa uso.

Na hata kabla ya kamera kujipimia, filamu yenyewe ilikuwa imepimwa kwa watu wengine. Tangu miaka ya 1950 kampuni ya Kodak ya Marekani ilizipelekea maabara za kusafisha picha kadi ya mfano yenye picha ya mwanamke mweupe. Kadi hizo ziliitwa Shirley, kwa jina la mwanamke wa kwanza aliyepigwa picha hiyo. Fundi alirekebisha mashine zake mpaka ngozi ya Shirley ionekane sawa, na yeyote asiyefanana na Shirley alipata alichopata. Mtafiti Lorna Roth wa Kanada ameeleza kwamba shinikizo la kuiboresha filamu ili itofautishe rangi za kahawia halikuanzia kwa watu waliopotea ndani ya picha zao wenyewe. Lilitoka kwa watengenezaji wa chokoleti na wa samani za mbao, waliolalamika kwamba bidhaa zao hazionekani vizuri kwenye matangazo. Mbao zilisikilizwa kabla ya nyuso.

Siku hizi filamu imeondoka na simu imekuja, na kasoro imegeuka upande. Zamani picha iliufanya uso mweusi kuwa shimo. Sasa iko programu inayoupausha kwa kugusa kitufe kimoja, nayo haina tofauti kubwa na mkorogo unaouzwa kwenye vikopo visivyo na jina, isipokuwa haichomi ngozi.

Miaka michache iliyopita tulimzika bibi mmoja aliyekuwa mshiriki wa usharika tangu ujana wake, mama wa kwaya na baadaye mzee wa kanisa, mwenye umri uliopita miaka 80. Ndugu walipeleka picha yake studio itengenezewe bango na fulana za msiba. Studio iliirudisha ikiwa imeng'arishwa. Makunyanzi yalikuwa yamefutwa. Rangi yake, iliyokuwa nyeusi ya kung'aa kama mpingo, ilikuwa imegeuzwa maji ya kunde iliyofifia. Kovu lililokuwa karibu na jicho la kushoto, ambalo alilipata kwa ukuni uliopasuka motoni akiwa msichana na ambalo kila mtu kijijini alimtambua kwalo, halikuwapo. Nyuma yake waliweka mawingu meupe na njiwa wawili.

Tulikuwa tumesimama karibu na jeneza, tukisubiri ndugu wa mbali wafike, mjukuu wake wa miaka kama 6 alipolitazama bango na kusema kwa sauti iliyosikika, "Huyo siyo bibi."

Mama yake akamvuta mkono. "Nyamaza. Ndivyo bibi alivyo sasa, mbinguni."

Mtoto alinyamaza kidogo, kisha akauliza tena, safari hii kwa kunong'ona: "Kwani mbinguni wamembadilisha rangi?"

Mama yule hakuwa na nia mbaya. Alikuwa amefiwa, alitaka mtoto atulie, naye alisema kile ambacho picha nyingi za shule ya Jumapili zimesema kwa miaka mingi bila kutamka neno. Lakini mtoto alikuwa ameuliza swali la theolojia, na sisi ndio tuliokuwa tumevaa kanzu. Kama jibu ni ndiyo, basi Mungu alimwumba bibi yule vibaya, akamvumilia kwa miaka zaidi ya 80, kisha akamrekebisha alipomchukua. Na mtoto mwenye rangi ya bibi yake ataishi akisubiri kurekebishwa.

Tulikuwa tumeandaa mahubiri kutoka Yohana 14, juu ya makao mengi nyumbani mwa Baba. Tulihubiri hayo, kisha tukaenda mbele hadi Yohana 20. Tulisema kwamba Bwana alipofufuka alikuja kwa wanafunzi wake na makovu yake. Ufufuo haukuyafuta. Tomaso hakumtambua kwa mng'ao, alimtambua kwa alama za misumari na ubavu uliochomwa. Tukasema tunaamini tutamwona tena dada yetu huyu, na tunatarajia kumtambua, na ukitaka kujua tutamtambua kwa nini, waulize wajukuu waliokuwa wakiligusa kovu lake kwa kidole walipolala mapajani pake. Mabinti zake walilia hapo. Hatukulitaja bango hata mara moja, wala halikuhitaji kutajwa.

Tangu siku hiyo tumekuwa tukitafuta wapiga picha waliofanya kinyume, nasi tumewapata kadhaa. Roy DeCarava alizaliwa Harlem, New York, mwaka 1919 na kufariki mwaka 2009. Alisomea uchoraji kabla ya kushika kamera. Alipiga picha za watu weusi wa mtaa wake jikoni, kwenye ngazi, kwenye vilabu vya muziki, akitumia mwanga uliokuwapo mahali hapo bila kuwamulika kwa flashi. Mwaka 1955 baadhi ya picha hizo zilitoka katika kitabu alichoshirikiana na mshairi Langston Hughes. Alipozisafisha hakujaribu kuzifanya nyeupe. Alizichapa zikiwa na kijivu cha kila daraja karibu na weusi, hata mtazamaji analazimika kusimama na kuyapa macho muda. Kwanza unaona giza. Baadaye unaona kwamba ndani ya giza kuna mkono, shavu, mtu anayempenda mwenzake. Ngozi ile si kivuli. Ina nuru yake, ila inamtaka mtazamaji awe na subira.

Karibu zaidi na sisi yuko Santu Mofokeng wa Afrika Kusini, aliyezaliwa mwaka 1956 na kufariki mwaka 2020. Mwaka 1986, wakati ubaguzi wa rangi ungali na nguvu, alipiga picha za abiria wa treni kati ya Soweto na Johannesburg waliofanya behewa kuwa kanisa. Walikuwa wakienda kazini asubuhi na kurudi jioni, wamebanana, wakihubiri, wakiimba, wakipiga kuta za behewa kama ngoma. Picha zina giza na mtikisiko, na Roho yumo. Baadaye alifanya mfululizo wa picha alizouita kuyafuata makivuli, kwenye mapango ya Free State ambako watu huenda kuomba na kutafuta uponyaji. Alieleza kwamba katika Kisotho neno seriti halimaanishi kivuli tu. Linabeba pia heshima ya mtu, uzito wake, uwepo wake mbele ya wengine. Kwa lugha hiyo, kumnyang'anya mtu kivuli ni kumnyang'anya utu.

Tukisoma tena Matendo 5 baada ya kulijua neno hilo, tunaona kwamba wagonjwa wale hawakuwa wajinga. Walijua kivuli cha mtu kinabeba kitu.

Familia ya bibi yule ilijenga kaburi mwaka uliofuata, na kwenye bamba la jiwe waliweka picha nyingine. Ilipigwa na mjukuu mkubwa kwa simu. Bibi ameketi barazani na ungo mapajani, anachambua mchele, ameinua uso kumtazama anayemwita. Makunyanzi yapo, kovu lipo, rangi ni yake mwenyewe. Fundi yeyote wa picha atakueleza kwa nini picha ile ni nzuri. Paa la baraza lilizuia jua la utosini, na mwanga wa ua uliingia kwa ubavu, laini, ukafika hadi ndani ya macho. Kwa maneno mengine, bibi alionekana kwa sababu alikuwa ameketi kivulini. Jua likikupiga moja kwa moja linakukunja uso. Ukipata kivuli, uso unafunguka.

Tumeyachukua haya hata katika utumishi wa kawaida. Katika sharika nyingi kipindi cha ushuhuda kimekuwa kama jua la saa sita. Anayesimama mbele ni aliyepona, aliyepata kazi, aliyefunguliwa. Ni vyema, na tunamshukuru Mungu pamoja nao. Lakini mama ambaye mtoto wake hakupona anakunja uso hapo, na Jumapili inayofuata haji. Mtu kama huyo haletwi kwenye mwanga mkali zaidi. Tunakwenda kuketi naye barazani kwake, alasiri, bila haraka, na mara nyingi bila maneno mengi. Tunaamini hapo ndipo mwanga laini unapomfikia, na kwamba Bwana aliyesimama nyuma ya Petro katika kile chumba cha watoza ushuru amesimama hapo pia, uso nusu, mkono umenyooshwa.

Siku ya kipaimara sasa tunamwomba mpiga picha awapange watoto chini ya mwarobaini ulio upande wa mashariki wa kanisa, apime mwanga kwa nyuso zao, na magauni yaangaliwe baadaye. Inachukua nusu saa zaidi na wazazi wananung'unika kwa sababu chakula kinapoa. Wapo wanaoomba picha zipaushwe kidogo hata hivyo. Mwaka jana binti mmoja alikuja ofisini kuomba hilo kwa niaba yake mwenyewe, akasema anataka kufanana na wenzake. Tulimwonyesha picha yake mara tatu, akaitazama mara tatu, akaondoka bila kusema kama ameikubali.

Katika ile picha ya Roma, wawili kati ya watu watano wa mezani hawajainua kichwa kabisa. Kijana wa pembeni na mzee mwenye miwani wanaendelea na fedha zao kana kwamba hakuna aliyeingia. Wanafunzi wetu huwahukumu haraka. Sisi huwaomba wasogee karibu na ukuta watazame vizuri zaidi, kwa maana nuru iliyomfikia Mathayo imewafikia na hao wawili.